Ingehitaji Ngazi: Kuwasimulia Marais wa Mwanzo wa Marekani kwa Kiswahili

Studio yangu ni kabati la nguo. Makoti ya baridi yananing'inia kulia na kushoto, maikrofoni imefungwa kwa utepe kwenye ubao wa kupigia pasi, na taa ya simu inamulika karatasi. Nguo humeza mwangwi, ndiyo maana nimehamia humo. Ijumaa usiku, watu wa nyumbani wakishalala, najifungia na kuanza kuwasimulia George Washington na wenzake kwa Kiswahili. Mwanangu, mzaliwa wa hapa hapa Maryland, huwaambia rafiki zake kwamba baba anaongea na makoti.

Mimi ni mwalimu wa historia, mtoto wa Tanga. Filamu ninazotengeneza ni za makala, dakika kumi na tano, ishirini zikizidi. Hazina waigizaji wala helikopta ya kupigia picha kutoka juu. Jumamosi moja kila mwezi tunaziangalia ukumbini kwa projekta ya kuazima: Watanzania, Wakenya, Wakongo wa Uvira na Bukavu, na watoto wanaokuja kwa ajili ya sambusa. Mtu akiniuliza kwa nini nahangaika na marais wa Marekani, na kwetu historia ya kusimulia imejaa, namjibu kwamba hawa ndio majirani zangu sasa. Nyumba ya Washington iko ng'ambo ya mto Potomac, mwendo wa saa moja hivi kwa gari kutoka kabati langu kama hakuna foleni.

Neno la kwanza kunikwamisha lilikuwa "rais".

Nilikuwa nimeandika: "Tarehe 30 Aprili 1789, jijini New York, George Washington aliapishwa kuwa rais wa kwanza." Sentensi nyepesi kabisa. Nikairekodi mara tatu, na mara zote tatu ikanikaa vibaya mdomoni. Sisi tukitamka rais tunaona msafara na ving'ora, barabara imefungwa tangu alfajiri, picha yenye fremu juu ya kichwa cha karani. Watu waliosimama chini ya roshani alikoapia hawakuwa na taswira hiyo. Neno walilolichukua lilikuwa jina la mtu anayekaa mbele ya kikao na kutoa nafasi ya kusema. Bunge lao la wakati wa vita vya kudai uhuru lilikuwa na "president" miaka yote, na kazi yake haikuzidi hiyo. Kwa lugha yetu huyo ni mwenyekiti.

Baadhi yao waliona jina hilo ni dogo mno. John Adams, makamu wa rais na mwongoza vikao vya Seneti, aliogopa kwamba wafalme wa Ulaya wangecheka, kwa kuwa hata vilabu vya kriketi vilikuwa na maprezidenti. Seneti ikaingia kwenye mjadala mrefu. Kamati yake ikapendekeza cheo ambacho nilikitafsiri hivi: "Mtukufu Rais wa Muungano wa Madola ya Amerika na Mlinzi wa Uhuru Wao." Baraza la Wawakilishi likakataa katakata, na lililobaki ni jina la mwenyekiti peke yake. Adams mwenyewe, mfupi na mnene, akabandikwa jina la utani ambalo kwenye filamu nimelitamka "Mtukufu Mviringo". Ukumbini Wakenya ndio waliocheka zaidi, hasa waliokulia miaka ya themanini wakisikia "Mtukufu Rais" ikifungua kila taarifa ya habari ya redio.

Basi nikaamua hivi: mpaka kwenye kiapo, Washington wangu ni mwenyekiti mteule. Anaacha shamba lake akiwa amekopa pauni 600 kwa tajiri mmoja wa Alexandria, maana ardhi anayo tele na fedha taslimu hana. Anafika New York. Seneta William Maclay wa Pennsylvania, mtu mwenye jicho kali na shajara kali zaidi, anaandika kwamba Washington alipoanza kusoma hotuba alitetemeka kuliko alivyowahi kutetemeka mbele ya mizinga na bunduki. Baada ya hapo ndipo namwita rais. Mzee mmoja alinijia mwisho wa onyesho akaniambia nimemvunjia heshima mtu mkubwa. Nikamwambia heshima yenyewe ndiyo kwanza ilikuwa inatengenezwa.

Picha nazo zina mashaka yake. Msimulizi wa vita vya karne ya 20 ana sanduku la kanda. Mimi nina nini? Upigaji picha wa Daguerre ulitangazwa mwaka 1839, na marais watano wa kwanza, yaani Washington, Adams, Jefferson, Madison na Monroe, wote walikuwa wameshazikwa. John Quincy Adams, wa sita, aliwahi kupigwa mwaka 1843, mzee, urais umemtoka zamani, na kwenye shajara yake akaziita picha hizo mbaya mno. Kwa hiyo kila unapoona uso wa Washington kwenye skrini, unaona kazi ya mkono wa mchoraji, na mchoraji alikuwa na mteja wa kumlipa.

Ile picha maarufu ya Washington akivuka mto Delaware, amesimama ndani ya mashua kati ya vipande vya barafu, haikosekani kwenye filamu hizi. Ilichorwa na Emanuel Leutze huko Düsseldorf, Ujerumani, ikakamilika mwaka 1851. Uvukaji wenyewe ulikuwa usiku wa Krismasi ya 1776. Bendera ya nyota na milia inayopepea mle ndani ilipitishwa na bunge Juni 1777, miezi sita baadaye. Halafu jaribu kusimama hivyo kwenye ngalawa ya Pangani uone. Lakini kamera ikiisogelea taratibu, muziki wa fidla ukipigwa chini chini, mtazamaji anaamini kabisa kwamba kulikuwa na mtu ufukoni akishuhudia. Mwendo ule wa polepole juu ya picha iliyotulia una nguvu ya kiapo mahakamani. Nautumia mimi pia, sina ujanja mwingine, ila siku hizi natamka mwaka wa picha kabla kamera haijaanza kusogea.

Adabu hiyo nilifunzwa na kosa. Kwa filamu ya kiapo nilisafiri mpaka Wall Street, nikapiga nguzo za Federal Hall na sanamu ya Washington mbele ya ngazi, nikarudi na kusimulia kwa sauti nzito: "Hapa, kati ya nguzo hizi." Binti mmoja wa Nairobi anayesomea usanifu wa majengo akaniandikia kwa upole: Mwalimu, jengo la kiapo lilibomolewa mwaka 1812. Hilo ulilolipiga lilikamilika mwaka 1842, likawa nyumba ya forodha. Washington alikuwa na miaka 43 kaburini. Nilikaa na aibu hiyo wiki nzima. Nilipoirudia filamu, nguzo nikaziacha, maneno nikayabadilisha: "Hapa pana jengo jingine."

Kuna kitu kimoja cha Washington tunachokiona kila siku bila kukiangalia. Noti ya dola moja imebeba uso uliochorwa na Gilbert Stuart mwaka 1796, picha ambayo hakuimaliza. Tazama mdomo ulivyojaa kwa ndani. Siku ya kiapo alibakiwa na jino moja. Watoto wa Marekani hufundishwa kwamba meno yake ya bandia yalikuwa ya mti, na si kweli. Yalitengenezwa kwa pembe ya kiboko, kwa risasi, na kwa meno ya watu. Kwenye daftari la hesabu la Mount Vernon, shamba lake, la mwaka 1784 kuna mstari unaosema watu weusi walilipwa pauni 6 na shilingi 2 kwa meno 9. Kama meno hayo yaliingia kinywani mwake au kwa mwingine, mstari hausemi. Kwenye filamu sikuongeza neno. Nimeonyesha noti, nikaonyesha mstari, nikahesabu mpaka tisa kwa sauti. Ukumbini mtu aliyekuwa akitafuna sambusa aliacha kutafuna.

Kutoka hapo nikaanza kuwasogelea wale waliokuwa chumba cha pili. Sikupanga. Ukiishiwa picha unatafuta sauti, na sauti nzuri kuliko zote hazikuwa za marais.

Ona Judge alikuwa mshonaji na mhudumu wa Martha Washington, kijakazi wa nyumba ya rais pale Philadelphia, mji mkuu wa wakati huo. Pennsylvania ilikuwa na sheria ya mwaka 1780 iliyompa mtumwa nafasi ya kudai uhuru akikaa mle miezi sita na bwana wake aliyetoka nje ya jimbo. Washington akawa anawazungusha, kabla ya miezi sita anawapeleka Virginia au wanavushwa mpaka tu, kisha wanarudi. Mwaka 1791 alimwandikia katibu wake jambo hilo lifanywe kwa kisingizio kitakachowapoteza wao na umma. Barua ipo, na ameiandika mwenyewe.

Mei 21, 1796, familia ikiwa mezani, Ona akatoka mlangoni asirudi. Alikuwa na miaka kama 22. Siku chache baadaye msimamizi wa nyumba akatoa tangazo gazetini, akiahidi dola 10. Nimelitafsiri lote: ametoroka nyumbani kwa Rais, msichana wa maji ya kunde, madoadoa mengi usoni, macho meusi sana, nywele nyingi zilizotimka. Na halafu sentensi ambayo sikuiamini nilipoisoma mara ya kwanza: hapakuwa na dalili kwamba angeondoka, wala hakuchokozwa kwa lolote. Hakuchokozwa! Mwenyewe alieleza miaka mingi baadaye kwamba alikuwa amesikia atapewa mjukuu wa Martha kama zawadi.

Nani asome tangazo hilo? Nilimwomba binti yangu, ana miaka 20, akalisoma kimya, akanirudishia karatasi, akasema hapana. Nikalisoma mwenyewe kwa sauti ya redio, ile ya matangazo ya vifo tuliyokua nayo, isiyopanda wala kushuka. Lakini maneno ya Ona mwenyewe binti aliyakubali. Mwaka 1845, bibi mzee huko New Hampshire, alimwambia mwandishi wa gazeti habari za siku ile, na sentensi yake imeingia kwenye Kiswahili bila kusukumwa: "Wao wakifungasha kwenda Virginia, mimi nami nikafungasha kwenda, sikujua wapi." Tulirekodi mara moja tu. Alikufa mwaka 1848, na kwa sheria bado alikuwa mali ya watu.

Filamu ya Jefferson ilinichukua miezi minne, na kama miwili kati ya hiyo ilikwenda kwenye neno moja.

Sally Hemings alikuwa mtumwa wa Thomas Jefferson, rais wa tatu, na pia dada wa kambo wa marehemu mke wake. Mwaka 1873 mwanawe, Madison Hemings, fundi seremala huko Ohio, alisimulia maisha yake kwenye gazeti la mtaani kwake, akataja bila kuzunguka kwamba mama yake alikuwa, kwa neno lake la Kiingereza, kile ambacho kamusi zetu hutafsiri "suria". Wanahistoria wengi walimpuuza zaidi ya miaka mia moja. Hata Ken Burns, mtengeneza filamu za makala wa Marekani, alipotoa filamu yake juu ya Jefferson mwaka 1997, jambo hilo lilikuwa bado la ubishi. Mwaka uliofuata, Novemba 1998, vipimo vya vinasaba vikaonyesha uhusiano kati ya ukoo wa Jefferson na kizazi cha Eston Hemings, mdogo wake Madison. Filamu ikishatoka haina simile, haiwezi kujirudi kama mwalimu anavyojirudi darasani Jumatatu.

Turudi kwenye suria. Nililiandika, nikalirekodi, nikampigia simu shangazi yangu Tanga na kumsomea. Akasikiliza mpaka mwisho, akasema: "Basi watoto wake walikuwa waungwana."

Nikanyamaza. Kwa mtu wa pwani neno hilo linakuja na sheria yake. Suria akimzalia bwana wake, mtoto ni huru tangu kuzaliwa, anarithi, anaitwa kwa jina la baba, na mama hauzwi tena. Sultan Majid na Sultan Barghash wa Unguja wote walikuwa wana wa masuria, na wote wawili walikalia kiti cha baba yao. Virginia ilikuwa kinyume kabisa. Tangu mwaka 1662 sheria ya koloni hilo ilisema mtoto anafuata hali ya mama, hata baba awe nani. Watoto wa Sally walizaliwa watumwa wa baba yao, wakaandikwa kwenye kitabu chake cha shamba pamoja na mgao wa nguo na samaki. Madison na Eston waliachwa huru kwa wosia wake wa mwaka 1826, wakiwa miongoni mwa watu watano. Mama yao hakutajwa humo. Miezi sita baada ya kifo cha Jefferson, Januari 1827, watu wake wapatao 130 walitangazwa kuuzwa kwa mnada ili kulipa madeni.

Kwa hiyo suria likawa neno zuri mno, lingempa Jefferson adabu ambayo sheria yake haikumdai. Nikajaribu hawara. Baya zaidi, hawara ana miguu ya kuondokea. Kimada? Nyumba ndogo? Hayo yananuka umbea wa saluni, na msichana aliyeanza mambo haya akiwa na miaka kati ya 14 na 16 hana saluni. Rafiki yangu mmoja mfasiri akanishauri niseme "mwenza". Nilimshukuru, nikabadilisha mazungumzo.

Mwishowe nikaacha kutafuta. Filamu inasema: "Sally Hemings alikuwa mtumwa wa Jefferson, na alimzalia watoto." Kisha picha inazimika, na shangazi yangu anasikika kwa simu, na mikwaruzo yake yote, akisema watoto walikuwa waungwana, nami namjibu kwamba hapana, shangazi, kule haikuwa hivyo. Dakika moja na nusu ya skrini nyeusi. Mtu wa televisheni angenifukuza kazi.

(Kuhusu Adams na Jefferson kufa siku moja, Julai 4, 1826, miaka 50 kamili baada ya Azimio la Uhuru: ni kweli, kila filamu inamalizia hapo, na mimi nimeiruka. Inanoga kupita kiasi. Siku hiyo nimeipa sentensi moja na mazishi sikuyaonyesha.)

Sasa niwaambie habari ya ngazi, maana ndiyo niliyoifurahia kuliko zote.

Agosti 24, 1814, jeshi la Uingereza liliingia Washington na kuichoma Ikulu. Rais alikuwa James Madison, na mkewe ni Dolley. Kila mtoto wa shule Marekani anajua kwamba Dolley aliokoa picha kubwa ya George Washington, akakimbia nayo huku Waingereza wakikaribia. Nimeona michoro ya vitabu vya watoto, mama wa watu kakumbatia fremu, nywele zimefumuka.

Ndani ya nyumba hiyo siku hiyo kulikuwa na kijana wa miaka 15, Paul Jennings, mtumwa wa Madison. Mwaka 1865, mtu huru na mzee, alichapisha kumbukumbu zake, kijitabu chembamba ambacho huhesabiwa kuwa kumbukumbu ya kwanza ya mtu aliyeishi ndani ya Ikulu ile. Anasema yeye ndiye aliyeandaa meza. Chakula kilikuwa saa tisa alasiri, mawaziri na wanajeshi wakitarajiwa. Akapandisha bia, saida na mvinyo, akaviweka kwenye vipoozeo. Ghafla James Smith, mtu mweusi huru aliyekuwa amefuatana na Madison kwenda vitani, akaja mbio juu ya farasi akipunga kofia: "Tokeni! Tokeni! Jenerali Armstrong ameamuru jeshi lirudi nyuma!" Patashika. Na kuhusu picha, Jennings anasema habari kwamba Bi Madison aliichukua ni uongo mtupu. Hakuwa na muda. Ingehitaji ngazi kuiteremsha. Alichobeba ni vyombo vya fedha vya kwenye mkoba wake. Walioishusha ni Mfaransa mlinzi wa mlango na mtunza bustani, wakaipakia kwenye gari la farasi.

Ingehitaji ngazi! Picha ile ina urefu wa karibu mita mbili na nusu, imekazwa ukutani. Wanahistoria wangapi wamepita na masimulizi yao ya ushujaa bila kuuliza inafikiwaje? Kijana aliyeandaa meza ndiye aliyejua vitu vya nyumba hiyo viko kimo gani. Tumtendee Dolley haki pia: barua yake maarufu inasema aliamuru fremu ivunjwe na kitambaa kitolewe, haisemi alikibeba, na nakala iliyopo aliiandika upya miaka mingi baadaye. Waliompa picha mikononi ni watu waliokuja nyuma.

Kwa filamu hii nilinunua ngazi. Ya mbao, ya mitumba, dola 15. Nikarekodi inavyoburutwa sakafuni, inavyogonga ukuta, inavyolia mtu akiipanda. Nikarekodi sahani zikipangwa moja moja, na chupa. Hakuna uso hata mmoja kwenye dakika hizo saba, kuna ukuta mweupe na sauti tu, na Jennings kwa Kiswahili. Sipendi filamu zinazokodi mkono wa mtu avae shati la mikono mipana achovye kalamu ya unyoya kwenye wino. Nimeuona mkono huo ukiandika barua za marais wanne. Ngazi angalau haijifanyi kuwa mtu.

Kusimulia juu ya sauti sikujifunza chuo kikuu. Nilijifunza kwenye vibanda vya video, kwa akina Lufufu, ambao walikuwa wakichukua sinema ya Kihindi au ya Kichina na kuisimulia upya mpaka mtu wa Tanga akamwonea huruma mama mkwe wa Bombay. Walikuwa wakiongeza chumvi, sikatai, wahusika walipata majina ya mitaani kwetu. Mimi chumvi siruhusiwi. Ila walijua jambo moja ambalo maprofesa wangu hawakulitaja, kwamba mtazamaji humwamini yule anayemsemesha kwa lugha ya nyumbani hata kama midomo kwenye skrini inatamka mengine. Imani hiyo inanitisha kidogo, ndiyo maana narekodi mara tatu.

Hadithi ya Jennings haikuishia kwenye moto. Baada ya Madison kufa mwaka 1836, Dolley akaishiwa, akauza watu na mali. Jennings aliuzwa mwaka 1846 kwa dola 200. Mwaka uliofuata seneta Daniel Webster akamnunua kwa dola 120 na kumwacha huru, kwa makubaliano kwamba atazilipa kwa kazi, dola 8 kwa mwezi. Naye anaandika kwamba Dolley alipokuwa fukara wa kukosa hata mahitaji, Webster alikuwa akimtuma kumpelekea kapu la vyakula, na mara nyingine yeye mwenyewe alimpa Dolley visenti kutoka mfukoni mwake.

Filamu ilipokwisha, mzee mmoja wa Uvira, aliyepitia kambi mbili za wakimbizi kabla ya kufika hapa, akasimama. "Ule mutu, juu ya nini anamupatia tena makuta?" Kwa nini ampe tena pesa? Nilianza kujibu kisomi, nikataja utegemezi na mazoea ya miaka mingi. Mama mmoja wa nyuma akanikatiza: "Alimpa ili amwone anapokea." Mwingine akasema hapana, alimhurumia, mtu uliyemwandalia meza miaka thelathini huwezi kumwangalia akilala njaa. Wakabishana mpaka mlinzi wa ukumbi akaja na funguo. Jennings mwenyewe hakueleza, aliandika tu kwamba alitoa.

Ninayoitengeneza sasa imenirudisha nyumbani bila mimi kuitafuta. Martin Van Buren ni rais wa nane, na katika hao wa mwanzo ndiye asiyependwa na watengeneza filamu. Lakini Aprili 30, 1840, miaka 51 kamili tangu kile kiapo cha Washington, katika mji ule ule wa New York, ilitia nanga Sultana, merikebu ya Sayyid Said, Sultani wa Muscat na Unguja, iliyotoka Unguja. Aliyekuja kama mjumbe wake ni Ahmad bin Na'aman. Walikuwa na mkataba wa biashara na Marekani tangu Septemba 1833, uliotiwa saini Muscat na Edmund Roberts kwa niaba ya Rais Andrew Jackson, na Unguja ilikuwa na balozi mdogo wa Marekani tangu 1837. Ndani ya merikebu kulikuwa na pembe, karafuu, sandarusi, tende, kahawa. Mjumbe alichorwa na Edward Mooney, kilemba kichwani, macho yametulia. Kwa mara ya kwanza nina uso wa mtu wa upande wetu wa kuusogelea polepole na kamera.

Shangazi nimempa kazi. Anaeleza kwa simu merikani ni nini: kitambaa kizito cha pamba, hakijapaushwa, walikuwa wakishonea shuka na mifuko, na maiti wa maskini alizikwa nacho. Nilimwambia kilitoka Massachusetts, na ndiyo maana kikaitwa hivyo. Akasema hilo alilijua, mimi nilidhani nini.

Kisha nikamweleza zawadi za Sayyid Said kwa rais: farasi wawili wa Kiarabu, lulu, upanga wenye dhahabu. Van Buren hakuweza kuzichukua, kwa sababu katiba inamzuia mwenye cheo kupokea zawadi ya mtawala wa nje bila idhini ya Bunge, na Bunge likaamua Julai mwaka huo namna ya kuziondosha.

"Na farasi?" akauliza.

"Walinadiwa, shangazi."

"Zawadi ya Sultani ikanadiwa?"

"Sheria yao, shangazi. Isionekane rais kanunuliwa."

Nikamsikia akipumua. Nyuma yake kulikuwa na pikipiki ikipita, na mtu akiuza maji. "Mwenye farasi aliambiwa?" akasema. Sijamjibu. Nimeliacha swali lake kwenye filamu, mara baada ya nyundo ya mnada, pamoja na pikipiki.